Watibeti ni watu gani? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Nilisomea Mysore, kusini mwa India, kama walivyofanya vijana wengi wa Afrika Mashariki. Kilomita 80 hivi kutoka pale kuna Bylakuppe, makazi ya wakimbizi wa Kitibeti yaliyoanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1960. Mara ya kwanza nilikwenda kuona hekalu lake la dhahabu. Kabla ya kulifikia nilipita katikati ya mashamba ya mahindi, na waliokuwa wakipalilia walikuwa Watibeti, akina mama wazee wa mikia miwili ya nywele, jembe mkononi, jua la utosini. Nilisimama pale kwa muda mrefu. Nilikuwa nimekuja kutafuta watu wa kwenye picha, nikawakuta watu wanaofanana na shangazi zangu.

Tangu nirudi nyumbani naulizwa maswali yaleyale, mengi yakihusu miujiza. Nimeyaweka hapa pamoja na mengine ambayo natamani watu wangeyauliza.

Tibet iko wapi hasa?

Ni uwanda mpana wa juu ulioko kaskazini mwa milima ya Himalaya. Ukubwa wake ni takriban kilomita za mraba milioni 2.5, zaidi ya mara mbili ya Tanzania nzima, na sehemu kubwa iko juu ya mita 4,000. Lhasa, mji wake mkuu wa kale, uko kwenye mita 3,650 hivi. Aliyewahi kupanda Kilimanjaro ataelewa haraka: huo ni karibu usawa wa kambi ya Horombo, ambako wapandaji wengi huanza kuumwa kichwa. Horombo watu hulala usiku mmoja au miwili kisha wakaondoka. Lhasa watu huzaliwa, huoa, hujenga, huzeeka.

Mito mikubwa ya Asia inaanzia huko: Indus, Brahmaputra, Salween, Mekong, Yangtze na Mto Manjano. Kwa hiyo kinachotokea kwenye barafu na malisho ya Tibet kinawagusa watu wengi mno walioko mabondeni, hata wale ambao hawajawahi kumwona Mtibeti.

Ni nchi, au ni mkoa wa China?

Leo Tibet inatawaliwa na China, na hakuna serikali yoyote duniani inayoitambua kuwa nchi huru. Hilo ndilo jibu fupi, lakini halitoshi.

Mwaka 1913 Dalai Lama wa 13, kiongozi mkuu wa dini na serikali ya Tibet, alitangaza kwamba Tibet inajitegemea, na hadi 1950 Lhasa ilikuwa na serikali yake, jeshi lake dogo, fedha zake na stempu zake. Mwaka 1950 jeshi la China liliingia. Mwaka 1951 ukatiwa saini mkataba wa vipengele 17 ulioiweka Tibet chini ya China, ambao Watibeti walioko uhamishoni wanasema ulitiwa saini kwa kulazimishwa. Machi 1959 watu wa Lhasa waliasi, uasi ukazimwa, na Dalai Lama wa 14 akavuka milima kwenda India, akifuatwa na makumi ya maelfu. China hushikilia kwamba Tibet ni sehemu yake tangu karne nyingi zilizopita. Dalai Lama mwenyewe kwa miaka mingi sasa haombi uhuru kamili. Anaomba mamlaka ya kweli ya ndani, ili watu wake waendeshe lugha, dini na elimu yao.

Jambo moja huwachanganya wengi. "Tibet" ya ramani za China ni Mkoa Unaojitawala ulioundwa 1965. Watibeti wenyewe husema nchi yao ina sehemu tatu za jadi: Ü-Tsang upande wa Lhasa, Kham mashariki, na Amdo kaskazini-mashariki. Kham na Amdo kwa sehemu kubwa zimo katika majimbo ya Sichuan, Qinghai, Gansu na Yunnan. Sensa ya 2020 ilihesabu Watibeti wapatao milioni 7 nchini China, na zaidi ya nusu yao wanaishi nje ya huo mkoa. Dalai Lama wa sasa ni mtu wa Amdo. Ukisoma habari kwamba "Tibet" ina watu milioni 3 na ushee, jua ni nusu ya hadithi.

Wanapumuaje kule juu?

Kwa damu waliyorithi. Mtu wa pwani akipanda juu sana, mwili wake hutengeneza chembe nyekundu za damu kwa wingi ili kukamata hewa chache iliyopo. Damu huwa nzito, na akikaa muda mrefu anaweza kuugua. Watibeti wengi hawapatwi na hilo, kwa sababu damu yao haizidi kuwa nzito kiasi hicho. Mwaka 2010 wanasayansi waliitaja jeni inayohusika, EPAS1, na mwaka 2014 wengine wakaonyesha kwamba aina ya jeni hiyo waliyonayo Watibeti inafanana na ya Wadenisova, jamii ya watu wa kale iliyokwisha kutoweka. Hakuna haja ya kutafuta siri ya kutafakari hapo.

Wanakula nini?

Shayiri kwanza. Mahindi na mpunga havistahimili baridi ya kule, lakini shayiri hustawi hata kwenye mabonde ya mita 4,000. Punje hukaangwa ndani ya mchanga wa moto, mchanga ukachekechwa, kisha punje zikasagwa. Unga huo ndio tsampa. Unatia chai kidogo kwenye bakuli, unaongeza siagi, unamwaga unga, unakanda kwa vidole vya mkono mmoja huku mwingine ukizungusha bakuli, mpaka unapata tonge gumu. Mla ugali ataona kama yuko nyumbani, isipokuwa sufuria na moto havipo. Na hapo ndipo akili ya chakula hiki ilipo: unga umeshaiva. Mchungaji anayeondoka alfajiri na mfuko wa tsampa kifuani hahitaji kuni, na mahali pengi kule mti haupo hata mmoja. Watibeti wa Lhasa na wa Amdo wanaweza wasielewane vizuri wakizungumza, lakini wote hujiita "walaji tsampa".

Chai yao ndiyo inayowashinda wageni. Majani huja kutoka Sichuan na Yunnan yakiwa yameshindiliwa kama matofali. Kwa karne nyingi yalibebwa na nyumbu na wapagazi wa kibinadamu juu ya njia za milimani, na Watibeti walilipa kwa farasi. Majani huchemshwa muda mrefu, yakatiwa chumvi na siagi, kisha yakasukwa ndani ya chombo kirefu cha mbao mpaka vyote vikawa kitu kimoja. Aliyezoea chai ya maziwa, tangawizi na sukari atashtuka. Nilipoacha kuiita chai moyoni mwangu na kuichukulia kama supu nyepesi, niliielewa mara moja: ina mafuta, ina chumvi, inapasha mwili joto, na inazuia midomo kupasuka kwa baridi kavu.

Kuna pia momo, ambazo ni vifurushi vya unga vyenye nyama, na thukpa, supu ya tambi. Jibini hukaushwa mpaka iwe ngumu kama jiwe, watu huitafuna njiani. Pombe ya shayiri huitwa chang.

Kama ni Wabuddha, mbona wanakula nyama?

Kwa sababu mboga ni chache mno juu kule, na baridi haimhurumii mtu. Lakini hawali bila kufikiri. Hoja niliyoelezwa zaidi ya mara moja ni hii: yaki mmoja ni uhai mmoja, na hulisha familia kwa miezi. Samaki au kuku unahitaji wengi kwa mlo wa siku chache, na kila mmoja ni uhai. Ndiyo maana kwa jadi wengi wao waliepuka samaki, ingawa maziwa yao yana samaki tele. Siku hizi, hasa India, watawa na vijana wengi wameacha nyama kabisa.

Yaki ni mnyama gani, na kwa nini anatajwa sana?

Ni jamaa wa ng'ombe, mwenye manyoya marefu yanayofika chini, aliyeumbwa kwa ajili ya baridi na hewa chache. Kwanza turekebishe neno. Kwa Kitibeti *yak* ni dume tu. Jike huitwa *dri*. Kwa hiyo ukimwambia Mtibeti umekunywa "maziwa ya yak" atacheka kama wewe ungecheka ukiambiwa maziwa ya fahali. Wakichanganya yaki na ng'ombe wa kawaida wanapata *dzo*, mnyama mtulivu anayefaa kulima mabondeni.

Wafugaji huitwa *drokpa*, na maisha yao yote yanapita kwenye mgongo wa mnyama huyu. Maziwa ya dri hutoa siagi, jibini na mtindi. Nywele za yaki husokotwa kuwa nyuzi, nyuzi zikafumwa kuwa hema jeusi. Hema hilo ni kazi ya kustaajabisha: jua likiwaka, mfumo wake huacha moshi utoke na mwanga uingie, mvua ikinyesha, nyuzi hutanuka zikaziba matundu. Mavi ya yaki hukaushwa na kuwa kuni. Wanawake huyakanda, wakayabandika ukutani kama chapati, yakikauka hupangwa kuwa ukuta wa akiba ya majira ya baridi. Zamani, wafugaji wa nyika za Changtang walipakia chumvi ya ziwani juu ya wanyama na kusafiri majuma mengi hadi mabondeni kuibadilisha na shayiri. Mfugaji bila mkulima hana tsampa, na mkulima bila mfugaji hana siagi wala chumvi.

Naomba niseme hapa jambo linalonikera. Wafugaji hawa huelezwa kama watu wanaotangatanga. Hawatangitangi. Kila familia inajua malisho yake ya kiangazi na makao yake ya baridi, na kuhama kunafuata nyasi kwa hesabu iliyorithiwa. Kwenye mwinuko ambako hata shayiri haikui, kufuga ndiyo njia ya kuigeuza ardhi kuwa chakula. Mfugaji wa Ngorongoro au Turkana hahitaji kuelezwa zaidi, maana maneno hayohayo ya kutangatanga ameshaambiwa yeye.

Kwa hiyo Watibeti wote ni wafugaji?

Hapana. Kwa jadi wengi walikuwa wakulima wa mabondeni, hasa kando ya mto Tsangpo, ndio Brahmaputra ya juu, na vijito vyake. Kuna wafanyabiashara, hasa watu wa Kham, wanaojulikana kwa ujasiri na kwa kufunga nyuzi nyekundu kichwani. Na leo kuna walimu, madereva, wauguzi, waimbaji wa rap. Ndani ya India, Watibeti wengi huendesha maisha kwa kuuza sweta mijini majira ya baridi.

Ni kweli mwanamke mmoja huolewa na ndugu kadhaa?

Ilikuwapo, na sehemu chache bado ipo. Kaka wawili au watatu wa tumbo moja huoa mke mmoja. Sababu ni shamba. Bonde lenye rutuba ni dogo. Kila mwana akioa mke wake na kukata kipande chake, vijukuu watalima matuta. Kaka wakikaa pamoja, shamba halikatwi, na mikono ya kazi inatosha: mmoja alime, mwingine achunge, mwingine asafiri na biashara. Haikuwa desturi ya kila mtu. Wengi waliishi mume mmoja na mke mmoja, na matajiri wengine walioa wake wengi. Wageni wa zamani waliandika kuhusu jambo hili kwa mshangao wa aibu, wakiliona kama tamaa, wakati wenyewe walikuwa wanahesabu magunia.

Majina yao yana maana gani?

Swali hili nalipenda. Wengi hupewa jina la siku waliyozaliwa. Nyima ni Jumapili, Dawa Jumatatu, Mingmar Jumanne, Lhakpa Jumatano, Phurbu Alhamisi, Pasang Ijumaa, Penpa Jumamosi. Nilipomweleza rafiki yangu aitwaye Pasang kwamba kwetu naye angeitwa Juma, na kwamba Phurbu ni Khamisi, alikwenda kuita familia nzima waje wasikie.

Majina mengine hutolewa na lama, yaani mwalimu wa dini: Tashi ni baraka, Dolma ni jina la Tara, mungu wa kike wa huruma, Pema ni yungiyungi. Tenzin ndilo limeenea zaidi uhamishoni, kwa sababu ni jina la Dalai Lama, Tenzin Gyatso, na yeye huwapa watoto jina lake. Wengi hawana jina la ukoo, na majina mengi hutumiwa na wanaume kwa wanawake. Fomu za uhamiaji zinazodai jina la mwisho zimewatesa sana.

Wanaamini nini?

Wengi ni Wabuddha. Ubuddha uliingia Tibet karne ya 7 na kushika mizizi karne ya 8, ilipojengwa Samye, monasteri ya kwanza. Kuna madhehebu manne makubwa: Nyingma, Kagyu, Sakya na Gelug. Kando yake iko Bon, dini ambayo wafuasi wake huihesabu kuwa ya zamani zaidi. Njia rahisi ya kuwatofautisha ni miguu: Mbuddha hulizunguka hekalu au mlima mtakatifu akiuweka kuumeni, wa Bon huzunguka kinyume. Mlima Kailash, wenye mita 6,638, huzungukwa na wote wawili, pamoja na Wahindu na Wajaini, katika njia ya kilomita 52. Wengine huizunguka kwa kusujudu, wakijilaza kifudifudi, wakasimama pale mikono ilipofika, wakajilaza tena.

Dini ya kila siku, hata hivyo, haina makeke. Ni bibi anayezungusha gurudumu la sala huku akimkemea mjukuu. Ni vibakuli saba vya maji vinavyojazwa asubuhi mbele ya sanamu na kumwagwa jioni. Ni kumnyanyua mdudu njiani asikanyagwe.

Zile bendera za rangi zimeandikwa nini?

Sala, na picha ya farasi wa upepo. Rangi ni tano kwa mpangilio: buluu ya anga, nyeupe ya hewa, nyekundu ya moto, kijani ya maji, manjano ya ardhi. Upepo ukizipiga, baraka huenda kwa kila kiumbe. Kwa kawaida huachwa zichakae zenyewe. Kufifia ndiko kufanya kazi kwake.

Watawa wa Tibet hupigana kung fu?

Hapana. Hiyo ni Shaolin, hekalu la Kichina katika jimbo la Henan, na sisi tuliokulia kwenye mabanda ya video tumeyachanganya yote. Picha ya mtawa wa Kitibeti aliyeinua mkono na kupiga mguu chini kwa nguvu ni picha ya mjadala. Mmoja ameketi akijibu, mwingine amesimama akiuliza, na kila swali humalizwa kwa kupiga kofi. Niliwatazama watawa wa monasteri ya Sera, ile iliyojengwa upya Bylakuppe, wakifanya hivyo uani kwa saa nzima. Wanashindana kwa mantiki, na anayejipinga mwenyewe huzomewa kwa furaha.

Kuna Waislamu wa Kitibeti?

Wapo, na watu wetu wengi hushangaa kusikia. Huitwa Khache, neno linalotokana na Kashmir, kwa kuwa mababu zao wengi walikuwa wafanyabiashara waliofuata njia za misafara kutoka Kashmir na Ladakh. Walioa wanawake wa Kitibeti, wakazungumza Kitibeti, wakavaa Kitibeti, wakabaki na swala zao. Simulizi lao linasema Dalai Lama wa 5, katika karne ya 17, aliwapa ardhi nje ya Lhasa kwa namna hii: mpiga upinde alisimama, akarusha mishale pande zote nne, na palipoangukia mishale pakawa mipaka yao. Walikuwa na misikiti yao, makaburi yao, na viongozi wao wa kuamua kesi zao. Mojawapo ya vitabu vya mawaidha vinavyopendwa sana na Watibeti wa dini zote huhusishwa na Mwislamu wa jamii hii.

Baada ya 1959 wengi wao walikwenda India kwa hoja ya asili yao ya Kashmir, na leo jamii kubwa iko Srinagar, mji mkubwa wa Kashmir. Wamebeba jina la wageni mara mbili: Tibet waliitwa watu wa Kashmir, na Kashmir wanaitwa Watibeti. Mswahili wa pwani aliyewahi kuulizwa "asili yako wapi hasa" katika mji aliozaliwa yeye na babu yake atawaelewa.

Ni kweli maiti huachiwa ndege?

Ni kweli, sehemu nyingi. Kitibeti huitwa *jhator*, maana yake kuwapa ndege sadaka, na neno hilo la sadaka ndilo ufunguo. Roho imeshaondoka; mwili uliobaki unaweza bado kufaa. Maiti hubebwa alfajiri hadi mahali maalumu mlimani, watu wenye kazi hiyo huuandaa mwili, na tumbusi hushuka. Ardhi iliyoganda haichimbiki kirahisi na kuni za kuchomea ni haba, lakini wenyewe hawaelezi kwa uhaba. Wanaeleza kama tendo la mwisho la ukarimu.

Kwa sisi tunaoosha, kuvika sanda na kuzika haraka, ni jambo zito kulifikiria. Sioni vibaya mtu akitetemeka. Vibaya ni kupiga picha. Watalii wamepanda hadi pale na kamera, wakaweka mitandaoni mwili wa baba wa mtu. Familia zimelalamika, na serikali za maeneo zimepiga marufuku. Ukikutana na picha hizo, usizisambaze.

Shangri-La iko Tibet?

Haiko popote. Jina hilo alilibuni mwandishi Mwingereza, James Hilton, katika riwaya ya mwaka 1933, kuhusu bonde lililojificha ambako watu hawazeeki upesi. Hilton hakuwahi kukanyaga Tibet. Lakini Ulaya ilikuwa imetoka kwenye vita moja kuu na inanusa nyingine, na watu walihitaji kuamini kwamba mahali fulani pamebaki pa amani. Tibet ilikuwa mbali, imefungwa kwa wageni, iko juu mawinguni. Ikavikwa hiyo ndoto. Mwaka 2001 China nayo ikaubadili jina mji wa Zhongdian, ulioko Yunnan, ukaitwa Shangri-La ili kuvuta watalii. Mji wenye watu na historia umepewa jina la mahali pasipokuwapo.

Na habari za jicho la tatu, bakuli za kuimba, kuruka hewani?

Mwaka 1956 kilitoka London kitabu cha mtu aliyejiita lama, akieleza jinsi alivyotobolewa kipaji cha uso ili kufungua jicho la tatu. Kiliuzwa sana. Mwaka 1958 ikabainika kwamba mwandishi ni Cyril Hoskin, mtoto wa fundi bomba kutoka Devon, ambaye hakuwahi kufika Tibet. Kitabu kiliendelea kuuzwa. Bakuli za shaba zinazouzwa duniani kote kama chombo cha kale cha uponyaji cha Tibet zilianza kuvuma Magharibi miaka ya 1970, na Watibeti wazee wengi huzijua kama bakuli tu. Hata jina "Kitabu cha Wafu cha Kitibeti" lilibuniwa na mhariri Mmarekani mwaka 1927. Kwa Kitibeti andiko hilo ni *Bardo Thodol*, ukombozi kwa kusikia katika hali ya katikati, na husomwa sikioni mwa aliyefariki.

Tiba yao halisi ipo na ni elimu ya miaka mingi. Huitwa Sowa Rigpa, na mganga wake hupima mapigo ya mkono, hutazama mkojo, hutumia mitishamba na madini. Utenzi wa Gesar, mfalme shujaa, nao upo, mmoja wa mirefu zaidi duniani, unaoimbwa na manju wa vijijini. UNESCO iliuorodhesha 2009. Anayetaka maajabu ya Tibet ana pa kuanzia.

Kabla ya 1950, Tibet ilikuwa pepo au ilikuwa utumwa?

Ukisoma vitabu vya wapenzi wa Tibet utakuta pepo. Ukisoma vya serikali ya China utakuta jehanamu, na tangu 2009 China huadhimisha tarehe 28 Machi kama siku ya ukombozi wa watwana. Ninavyoelewa mimi, ilikuwa jamii isiyo na usawa. Ardhi nyingi ilimilikiwa na koo za kitukufu, monasteri na serikali. Wakulima wengi walizaliwa na wajibu wa kazi na kodi kwa mashamba hayo. Adhabu za kikatili zilikuwapo. Wasomi wanabishana kama neno "mtwana" linafaa, kwa kuwa baadhi ya watu hao walikuwa na mali, na hata wafanyakazi wao. Dalai Lama wa 14 mwenyewe amesema mfumo ule ulihitaji kubadilishwa.

Lakini kasoro za nyumba hazimpi mtu mwingine haki ya kuibomoa. Kati ya mwisho wa miaka ya 1950 na Mapinduzi ya Utamaduni ya 1966 hadi 1976, monasteri nyingi mno ziliharibiwa. Ganden, iliyojengwa 1409, ilibaki magofu. Maandiko yalichomwa, sanamu zikayeyushwa.

Maisha ya leo yakoje?

Yamebadilika kwa kasi. Reli ilifika Lhasa mwaka 2006, ikipita mita 5,072 juu ya usawa wa bahari. Barabara, umeme na simu zimefika mbali. Wafugaji wengi wamehamishiwa nyumba za saruji kando ya barabara, wengine kwa hiari, wengi kwa shinikizo, na mtu aliyeuza yaki zake hana namna rahisi ya kurudi. Pesa taslimu ya familia nyingi sasa inatokana na *yartsa gunbu*, kuvu inayoota ndani ya kiwavi chini ya udongo, inayotafutwa Mei na Juni kwa kutambaa kwa magoti mlimani na kuuzwa ghali kwa wanunuzi wa dawa wa China.

Kinachowaumiza zaidi ni lugha. Kitibeti kina mwandiko wake tangu karne ya 7, wenye konsonanti 30 na alama nne za irabu, na maktaba ya falsafa ambayo mataifa machache yanaifikia. Februari 2023 wataalamu wa Umoja wa Mataifa walisema watoto wa Kitibeti wapatao milioni 1 wameathiriwa na mfumo wa shule za bweni zinazofundisha zaidi kwa Kichina. China inakanusha na kusema bweni ni hiari. Mimi nimekua nikiota ndoto kwa Kiswahili na kufanya mitihani kwa Kiingereza, na sijui ningekuwa nani kama ningetolewa kwa mama yangu nikiwa na miaka sita nikafundishwa kuota kwa lugha nyingine.

Nani atakuwa Dalai Lama baada ya huyu?

Alizaliwa 6 Julai 1935. Siku chache kabla ya kutimiza miaka 90, tarehe 2 Julai 2025, alitangaza kwamba cheo kitaendelea, na kwamba taasisi yake, Gaden Phodrang, ndiyo pekee yenye mamlaka ya kumtambua mrithi. China, kwa kanuni yake ya 2007, inadai idhini ni yake. Huenda pakawa na wawili. Imeshatokea kwa Panchen Lama, wa pili kwa cheo baada ya Dalai Lama: mwaka 1995 Dalai Lama alimtambua mtoto wa miaka sita, China ikamchukua mtoto huyo pamoja na wazazi wake na kumweka mwingine, na tangu hapo yule wa kwanza hajaonekana hadharani.

Nikikutana na Mtibeti, nimsalimie vipi?

Sema *tashi delek*. Mwanamke wa umri wa mama yako mwite *ama-la*, mwanamume wa umri wa baba yako *pa-la*. Kile kiambishi *-la* ni heshima, na ukikisahau kwa mkubwa wako watagundua. Ukifunikwa shingoni kitambaa cheupe, *khata*, inamisha kichwa ukipokee. Usimguse mtu kichwani, hata mtoto. Usianze na siasa wala na miujiza. Uliza anatoka Amdo, Kham au Ü-Tsang, hata kama alizaliwa India, na umwache aeleze.

Ukikaribishwa chai, pokea kikombe kwa mikono miwili. Kila utakapopiga funda watakiongeza mpaka ukingoni, kwa hiyo ukishashiba kiache kimejaa, uendelee na mazungumzo, na ukinywe chote pale unaposimama kuaga.